Tundu la Pasi

Watu wakinisifia ile filamu, natamani wanyamaze.

Mwaka 1983 nilikuwa mwongozaji mchanga, nimerudi Babati na kamera ya ofisi kutoka Dar es Salaam, kutengeneza filamu ya wanawake wakulima wa kwetu Maisaka. Madukani hata sabuni haikupatikana, sembuse nguo. Mimi nilijiona bingwa. Msimamo wangu ulikuwa mmoja: sitampanga mtu wala kumwambia avae nini, nitasogeza kamera karibu mpaka ukweli ujionyeshe wenyewe.

Jumatatu nilimpiga picha mama yangu akipalilia mahindi. Jumanne ikawa zamu ya jirani yetu Natalia, niliyemwita Mama Fabiola, na Jumatano jirani mwingine, Hilaria. Kila mmoja alikuja shambani na khanga safi. Nilishangaa kidogo, nani anapalilia na nguo ya kanisani?

Nilikuja kugundua Dar, nikiwa mezani nakata na kuunga mikanda. Khanga ilikuwa ileile moja. Karibu na pindo ilikuwa na tundu la kuungua, na aliyeisahau pasi ya mkaa juu yake likizo iliyopita ni mimi. Mama alikuwa amewaazima wenzake wasionekane na matambara. Ningeweza kuvitupa vile vipande vya filamu. Badala yake niliviunga mfululizo: wanawake watatu, tundu moja, limejaa kwenye picha. Wakubwa wangu walipiga makofi, nami nikavimba kichwa, Mungu anisamehe.

Tukaionyesha Babati Jumapili mchana, ukumbi wa parokia, madirisha yamezibwa kwa magunia. Tundu la kwanza, kimya. La pili, mtu akaguna. La tatu, mwanamume mmoja akapaza sauti kutoka nyuma: "Kumbe khanga ya Mama Remi ndiyo inayolima Maisaka nzima!"

Ukumbi uliangua kicheko. Mama alikuwa mstari wa mbele, ameivaa. Aliweka kiganja juu ya tundu, akakaa hivyo mpaka mwisho. Natalia alitoka kabla magunia hayajaondolewa.

Jumapili iliyofuata mama alirudi kutoka misa ya kwanza, akaikunja khanga, akaiweka kwenye kiti cha mlangoni. Ndivyo walivyofanya tangu nguo ziadimike: yeye misa ya kwanza, Natalia ya pili. Kengele ya misa ya pili ililia, Natalia hakutokea.

"Mpelekee wewe," mama aliniambia bila kunitazama.

Nilimkuta jikoni kwake, amejifunga kipande cha gunia.

"Shikamoo, Mama Fabiola."

"Marahaba, mwanangu."

Nilimpa khanga kwa mikono miwili. Hakuipokea.

"Hiyo sasa kila mtu anaijua," alisema taratibu. "Mrudishie mama yako. Mwambie mimi nitasali hapahapa."

Nilipotoka, barabara ilijaa watu wanaokwenda kanisani. Niliificha khanga ndani ya shati, nikapita nimeinama.