Tatu kwa Mkono Wake Mwenyewe

Ofisini walimwita Mwandiko, na jina likamkaa. Alikuwa karani wa masjala katika idara ya maji, na herufi zake zilisimama kwenye mstari kama askari wa gwaride. Kwa miaka kumi na mmoja, kila msimu wa fomu za tathmini ulipofika, idara nzima ilimletea yeye azijaze. Sheria ilisema mtumishi ajipe alama, moja hadi tano, kisha mkubwa wake asome na kuthibitisha. Mkuu wa idara hakusoma hata moja. Alitia saini, akagonga muhuri, akaenda zake kunywa chai.

Sasa fomu hizo zilikuwa mezani kwenye kikao cha rufaa, katika faili mbili. Moja yake. Nyingine ya karani waliyemwita Kiyoyozi, kwa kuwa kazi aliitafuta palipo na ubaridi tu, na ndiye aliyepewa ukarani mkuu. Mwandiko alibakiza miezi minne astaafu. Alitaka aondoke na cheo kile. Hakuwa na ombi jingine.

Wakili wa serikali alikuwa binti mwenye adabu zake. Alimsogezea karatasi taratibu, kama anayempa mgonjwa maji.

"Mama, mwandiko huu wa nani?"

"Wangu."

"Na fomu?"

"Ya mwenzangu. Yeye alikuwa ananitajia, mimi naandika."

"Alikutajia ngapi?"

"Tano. Kila nafasi, tano."

"Na hii?"

"Hiyo yangu. Tatu."

"Mwaka uliofuata?"

"Tatu."

"Tatu miaka yote kumi na mmoja. Hizo nani alikutajia, mama?"

Feni ilizunguka bila kuleta upepo. Mwandiko aliukumbuka ule mwaka bomba lilipopasuka masjala, akaanika mafaili kwenye kamba kwa vibanio vya nguo, karatasi moja moja, siku kumi na nne. Kiyoyozi alikuwa safari ya kikazi. Mwaka ule pia alijiandikia tatu. Nyumbani alilelewa kwamba mtu hajisifu, na hakuna aliyemwambia kwamba akiingia serikalini adabu hiyo itawekwa kwenye faili, ipigwe namba, imsubiri.

"Hakuna aliyenitajia," alisema. "Mtu anafanya kazi, mwanangu. Mkubwa wake ndiye wa kusema."

"Na mkubwa wako alisema nini?"

"Alitia saini."

Uamuzi ulisomwa kwa dakika mbili. Rufaa imetupwa, kwa kuwa kumbukumbu za mrufani, kwa mkono wake mwenyewe, zinaonyesha utendaji wa wastani.

Nje, mdogo wake, fundi viatu, alimshikia mkoba.

"Dada, hata mwizi hajiandikii hukumu. Ungejipa japo nne."

"Umefunga kibanda tangu asubuhi?"

"Nimefunga."

"Kafungue. Watu wanataka viatu vyao."

Alijisikiliza kama kuna kilio kinakuja. Hakikuja. Akapanda ngazi za ofisini, akaendelea kupanga barua.

Mwezi uliofuata fomu mpya zililetwa, zikarundikwa mezani kwake kama ilivyo ada. Kiyoyozi alileta yake mwenyewe, tai shingoni.

"Dada Mwandiko, yangu kama kawaida."

"Jaza mwenyewe."

"Acha utani. Mwandiko wangu si unaujua, kuku aliyekanyaga wino."

"Naujua. Jaza."

Zilizobaki alizirudisha meza kwa meza. Wengine walicheka, wakidhani ni mzaha, kisha wakaacha. Akarudi kwenye kiti chake, akavuta fomu yake. Nafasi tisa za alama. Akaandika tano, tisa zote. Ilikuwa kama kunakili namba za mita za maji ya watu wengine.

Mkuu wa idara alikuwa na simu sikioni. Alifunua moja kwa moja ukurasa wa mwisho.

"Wapi?"

Mwandiko akamwonyesha kwa kidole. Akatia saini, akagonga muhuri.

"Nyingine?"

"Ni hiyo tu, mzee."

Mkuu akaendelea na simu yake. Mwandiko alishuka nayo masjala, akaipiga namba, akaiweka katika faili lake, juu ya zile kumi na moja. Kisha akasukuma droo, ambayo siku zote ilikuwa nzito kufunga, akaiegemea kwa nyonga mpaka ikaitika.