Rangi ya Mkaguzi

Mimi ni fundi rangi, na mikono hii ndiyo iliyomtoa dada yangu nyumbani kwake. Nasema mwenyewe kabla hajanisemea mtu.

Dada aliishi na kushona nguo katika chumba cha mbele miaka ishirini na miwili, yeye na mumewe. Kaburi la shemeji halijakauka, akaja mdogo wa marehemu. Tulimwita Waraka, maana hakukosa karatasi mfukoni. Ya safari hii ilisema chumba ni chake, na dada hajawahi kuishi pale, kaingia juzi tu baada ya msiba. Majirani wote ni wapangaji wa Waraka, basi ghafla hakuna aliyemjua dada. Watu aliowashonea watoto wao sare za shule! Hasira hiyo ninayo mpaka leo.

"Mheshimiwa, sina karatasi," dada alimwambia hakimu. "Tuma mtu akaone. Mwenye macho haambiwi tazama."

Wakili wa Waraka akaruka. "Mahakama haimtafutii mtu ushahidi!"

Hakimu, mwanamke wa makamo, akavua miwani. "Kutuma mkaguzi ni hiari yangu, wakili. Silazimishwi wala sikatazwi. Hapa karatasi inabishana na mdomo, kwa hiyo atakwenda Alhamisi. Hatahoji mtu. Ataandika alichokiona, basi."

Tulirudi tunacheka. Lakini dada alipoingia chumbani akashika kiuno. Ukuta ulikuwa mweusi kwa mafuta ya cherehani. Miguu ya kiti chake ilikuwa imechimba mashimo manne sakafuni. Kando ya mlango, mistari ya penseli ilionyesha urefu wa wanawe, mwaka hadi mwaka.

"Mtu wa mahakama aingie kwenye uchafu huu? Mdogo wangu, nisitiri."

Nikamsitiri. Jumanne niliziba mashimo kwa saruji. Cherehani, kitanda na vitambaa tukavihamishia kwangu, visidondokewe na rangi. Jumatano nikapaka kuta zote mara mbili, rangi ya maziwa. Sijawahi kupaka vizuri vile.

Mkaguzi alikuja na futi na faili. Akagusa ukuta, kidole kikanata.

"Imepakwa lini?"

"Jana," dada akajibu kwa fahari. "Kwa heshima yako."

"Na kabla ya jana?"

Dada akaanza kumwonyesha: hapa mafuta, pale penseli, hapa kiti. Kila alipoelekeza palikuwa peupe. Sauti ikaanza kumpungua.

"Mama," mkaguzi akasema taratibu, "nimetumwa kuandika ninachokiona."

Nikachomoa kisu cha kukwangulia rangi. Akanizuia. "Ukikwangua, nitaandika kwamba umekwangua."

Ripoti ilikuwa mistari minne: chumba kitupu, sakafu imekarabatiwa, rangi mbichi, hakuna dalili ya makazi ya muda mrefu. Tuliomba mkaguzi arudi. Hakimu alimtazama dada, nadhani alimhurumia.

"Hiari yangu nimeshaitumia," akasema. "Siwezi kutuma watu mpaka mmoja wenu aridhike."

Siku ya kukabidhi ufunguo, Waraka alipitisha kiganja ukutani, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

"Kazi safi hii. Fundi nani?"

Nilitamani ardhi ipasuke. Dada akaweka ufunguo dirishani, akanishika bega.

"Ni mdogo wangu," akasema. "Ana mkono mzuri."