Siku Josho Lilipofungwa

Ng'ombe wa Waruguru alikufa wiki ile ile kaunti ilipotangaza kwamba haitaendesha tena josho la Gatuanyaga. Alikuwa mweusi mwenye mabaka meupe, na maziwa yake yalikuwa yakifika hoteli moja ya Thika kila asubuhi kabla wateja hawajaanza kuagiza chai. Kwanza tezi za chini ya masikio zilivimba. Ikafuata homa, kisha povu puani. Ilikuwa ndigana, homa inayoletwa na kupe, na kila mtu aliyemwona alijua, kwa sababu kupe walikuwa wamemjaa masikioni kama mbegu za mbarika.

Josho lenyewe lilikuwepo, si mbali na boma lake. Ni tangi refu la saruji lililochimbwa ardhini. Ng'ombe anaingia upande mmoja, anaogelea kwenye dawa, anatokea upande wa pili akichuruzika, na kupe wamekwisha habari yao. Ila kwa miaka kadhaa halikuwa na dawa. Wafugaji wakiuliza, jibu lilikuwa ni lile lile, kwamba dawa imeagizwa.

Aliyetumwa kuwapa jibu hilo alikuwa Jeconia, afisa wa mifugo wa kaunti. Alikuwa mtu wa Siaya, lakini alikuwa amekaa Gatuanyaga hadi akajua Kikuyu cha kutaniana na Kikamba cha kuomba maji ya kunywa. Watu walimwita daktari. Siku alipomkuta ng'ombe wa Waruguru amelala hawezi kuinuka, alichuchumaa, akamshika sikio. Kisha akamwambia Waruguru jambo jipya, akimwita kwa jina la mwanawe kama ilivyo desturi.

"Mama Muriithi, dawa haiji. Wameamua majosho yote yakodishwe kwa watu binafsi. Kuna mkutano Jumanne pale shule ya msingi. Nenda."

"Nikafanye nini huko, daktari?"

"Angalau usikie kwa masikio yako."

Waruguru akaenda. Alimkuta msichana kutoka ofisi ya kaunti Thika, anaitwa Idah, amesimama mbele ya darasa akieleza bila kuzungukazunguka. Ardhi na tangi vingebaki mali ya kaunti. Mwenye kukodi angeleta dawa na kuajiri wafanyakazi, na wafugaji wangelipia kila ng'ombe anayeogeshwa. Kazi ya kaunti ingekuwa kukagua tu.

Mzee Githae akasimama. Aliwahi kuwa naibu wa chifu kabla hajastaafu, na kundi lake la ng'ombe lilikuwa kubwa kuliko la mtu mwingine yeyote upande ule.

"Hiki ni kitu cha umma," alisema. "Baba yangu alibeba mawe ya hilo josho mabegani. Leo mnaliuza?"

"Haliuzwi, mzee. Linakodishwa."

"Hayo ni maneno tu."

Watu wakamuunga mkono kwa kunguruma. Walikuwa wamemwona tajiri mmoja wa Ruiru ameketi benchi la mbele, amevaa gambuti ambazo hazijawahi kukanyaga tope, na uvumi ulikuwa umeshaenea kwamba alilitaka josho kwa sababu ya kiwanja kilicholizunguka.

Waruguru akainua mkono. "Madam, huyo wa kukodi ni lazima awe mtu mmoja?"

"Hapana, mama. Hata kikundi kilichosajiliwa kinaweza kuomba. Lakini mtashindana kama wengine. Sitawapendelea."

"Hakuna aliyekuomba utupendelee," alisema Waruguru, akaketi.

Mkutano ulipovunjika, Mzee Githae alimfuata hadi nje. "Wewe ndiye umewafungulia mlango," alimlaumu. "Tungekataa wote, wangerudi na dawa."

"Mzee, miaka yote hii lilikuwa la umma na ng'ombe wetu wakafa. Mimi sibishani ni la nani. Nataka liwe na dawa ndani."

Githae aliondoka ameudhika. Lakini alikuwa mtu wa kupenda kuwa mbele, na alipoona kikundi kinaundwa kweli, akakubali kuwa mwenyekiti. Waruguru akachaguliwa kuwa msimamizi. Kikundi kikaomba, kikashinda, kwa sababu moja ambayo Idah aliieleza hadharani bila kona: tajiri wa Ruiru alikuwa na pesa lakini hakuonyesha ng'ombe wangetoka wapi, ilhali wanakikundi ndio waliokuwa wenye ng'ombe.

Wakapaka tangi saruji mpya, wakasimamisha uzio, wakanunua dawa. Siku ya kwanza ya kuogesha, foleni ya mifugo ilipita kanisa ikaendelea. Wengi walitarajia mambo yangechacha baada ya miezi michache, kama ilivyo kawaida ya vikundi. Hayakuchacha. Waruguru alikuwa akifungua lango jua likichomoza, na asiyelipa alikuwa haingii, awe nani. Wanyama walipona vidonda vya masikio. Ndama wakawa wanaachishwa kunyonya badala ya kuzikwa. Kwa mara ya kwanza tangu afiwe na mumewe, Waruguru alijikuta akitembea sokoni Thika kama mtu mwenye mahali pa kwenda.

Jeconia naye kazi yake iligeuka. Zamani ndiye aliyekuwa akimimina dawa, ilipokuwepo. Sasa alikuwa akija kila mwezi na chupa ndogo, anateka dawa ya josho, anaipeleka maabara kupimwa nguvu yake. Akimaliza, hupitia kwa Waruguru akala githeri ya mahindi na maharagwe. Walikuwa marafiki.

Kisha mvua ikanyesha. Gatuanyaga ni pakavu, na mvua ikija huko huja kwa hasira. Ilipiga kwa siku kadhaa, ikaacha barabara zimechimbika. Jeconia akaja na chupa yake kama kawaida, akateka, akaondoka, na kuogesha kukaendelea.

Alhamisi iliyofuata ilikuwa siku ya kuogesha. Foleni ilikuwa ndefu. Kaveke, mjane wa Kikamba aliyekaa ng'ambo ya korongo, alikuwa ametangulia na ng'ombe wake wadogo wa kienyeji, kwa kuwa alikuwa ametoka nyumbani kungali giza. Nyuma yake ilikuwa sehemu ya kundi la Mzee Githae, na mzee mwenyewe ameegemea fimbo. Waruguru alikuwa ameshika komeo la lango aliposikia pikipiki. Jeconia alishuka bila hata kuvua kofia ya chuma.

"Mama Muriithi, usifungue."

"Kuna nini?"

"Matokeo yametoka asubuhi hii. Dawa yenu ni hafifu. Haifiki hata nusu ya nguvu inayotakiwa. Nimekuja kufunga josho."

Alisema kwa sauti ya kawaida, na kila mtu aliyekuwa karibu akasikia. Manung'uniko yakaanza kusafiri kuelekea nyuma ya foleni.

Mzee Githae akasogea. "Daktari, watu wametoka mbali. Ngoja hawa waogeshwe, ufunge jioni."

"Siwezi, mzee. Kupe akioga kwenye dawa hafifu hafi, anaizoea. Mwaka ujao hata mkimletea dawa kamili atakuwa anaiogelea tu."

"Au kuna mtu wa Ruiru amekupitia?"

Jeconia akavua kofia. Uso wake ulikuwa umechoka. "Mzee, nimekutibia ng'ombe tangu lini? Ukiona nimehongwa, nenda kaseme kwa mkubwa wangu."

Waruguru alihisi damu ikimpanda kichwani. Huyu alikuwa amekula kwake wiki iliyopita tu. Akamvuta kando, karibu na chumba cha dawa.

"Ungenipigia simu," alimwambia kwa sauti ya chini. "Ningewazuia watu nyumbani. Unaniaibisha mbele ya wote."

"Nimepata habari nikiwa Thika, nikawasha pikipiki hapo hapo. Lakini nisikudanganye. Hata ningeijua jana, ningekuja leo mwenyewe. Ni lazima watu waone josho likifungwa, la sivyo watasema tulipatana mimi na wewe."

"Na zamani, lilipokuwa la kaunti, ulikuwa ukikuta dawa hafifu unafanya nini?"

Jeconia alielekeza kidole kwenye tangi. "Zamani mwenye josho alikuwa bosi wangu. Nilikuwa naandika ripoti, inakaa mezani kwake."

Hasira haikumtoka Waruguru, lakini ilipata mahali pengine pa kuelekea. Akazunguka nyuma ya tangi hadi kwenye mtaro wa kupitishia maji ya mvua. Ulikuwa umejaa mchanga hadi ukingoni, na alama ya maji ilionekana wazi, yalivyofurika na kuteremka moja kwa moja ndani ya josho. Alikuwa ameuona mtaro ule unaanza kuziba wiki mbili nyuma, akasema utangoja hadi uzio urekebishwe.

Akarudi langoni, akatia komeo na kufuli. Kisha akapanda juu ya jiwe ili wa nyuma wamwone.

"Josho limefungwa," alisema. "Daktari amesema ukweli. Maji ya mvua yameingia kwa sababu mtaro haukuzibuliwa, na kuzibua mtaro ni kazi ya msimamizi. Ni kazi yangu. Kila aliyeogesha baada ya mvua ataogesha bure tukifungua."

"Bure?" Mzee Githae aliuliza. "Waruguru, unatufilisi."

"Mzee, waliokuja baada ya mvua tuliwauzia maji. Hatuwezi kula pesa ya maji."

"Mimi kama mwenyekiti sijaidhinisha."

"Basi tukae kikao leo hii, hapa hapa. Wanachama wako mbele yako."

Githae aliwatazama. Hakuna aliyeshangilia upande wowote, lakini hakuna pia aliyeondoka kusimama naye. Akapiga mluzi kwa wachungaji wake, akageuza ng'ombe, akaenda zake.

Kaveke ndiye aliyebaki langoni. Ng'ombe wake walikuwa wamelala vumbini.

"Nimetembea na hawa wanyama alfajiri yote," alisema.

"Najua, mama. Pole."

"Sijasema unipe pole. Nina jembe nyumbani na wanangu wapo. Tunaanza lini?"

Walianza siku iliyofuata. Ilibidi dawa yote itolewe, tope la chini likwanguliwe, na vyote vifukiwe kwenye shimo ambalo Jeconia alichagua mahali pake mwenyewe, mbali na mto na visima. Watu walifanya kazi wamefunga vitambaa puani. Mtaro ukachimbwa upya, mpana zaidi, na kuta zake zikajengwa kwa mawe. Mzee Githae hakuonekana. Alikuwa amepanda gari kwenda Thika, kumtaka Idah amhamishe Jeconia.

Idah mwenyewe alikuja kumsimulia Waruguru baadaye. "Nilimwambia, mzee, mkataba wenu unasema josho likiendeshwa na dawa hafifu bila kufungwa, tunawanyang'anya. Huyo unayetaka ahamishwe ndiye aliyewaokoa. Na msimamizi wako angemkatalia, leo ningekuwa naongea na yule wa Ruiru."

"Alisemaje?"

"Aliniuliza kama ofisi yetu ina chai."

Siku iliyofuata safari hiyo ya Thika, trela la Mzee Githae lilifika joshoni likiwa na vijana wake wawili, na likabeba mawe hadi jioni. Mzee hakuja nalo, na Waruguru hakumpigia simu kumshukuru. Aliona ingekuwa mapema mno. Lakini katika kikao kilichofuata mzee aliketi kiti chake cha mwenyekiti, na ilipofika ajenda ya kuogesha bure akasema, "Tupitishe, tuendelee," na ikapita.

Tangi likajazwa, dawa ikachanganywa, Jeconia akateka chupa yake. Safari hii majibu yalikuwa mazuri. Waruguru aliyabandika langoni ambapo kila mtu angeyaona, na tangu siku hiyo kila jibu la maabara, liwe zuri au baya, likawa linabandikwa pale. Wengine walimwambia anajianika bure. Alijibu kwamba mtu anayenunua maziwa hayanusi kabla ya kuyalipia kwa sababu anamjua muuzaji, na yeye alitaka kujulikana namna hiyo.

Wafugaji wakaongezeka. Walikuja hata wa kutoka upande wa Kamenu, waliokuwa wakifuga ng'ombe mmoja mmoja nyuma ya nyumba za kupangisha, kwa sababu walisikia kuna josho linalojifunga lenyewe likikosea. Tajiri wa Ruiru naye akaja, amevaa gambuti zile zile, akitaka kuwauzia dawa. Waruguru alimkaribisha chai, akamwambia alete sampuli ipimwe kwanza. Akaileta, ikapimwa, ikafaa, wakanunua.

Mwaka ulipokaribia kuisha, Idah akapiga simu. Kulikuwa na josho lingine, Kalimoni, limekaa bila kazi, na waliolikodi mwanzo walikuwa wamelitoroka. Je, kikundi cha Gatuanyaga kingeweza kuliangalia?

"Tutaliangalia," Waruguru alisema. "Lakini kwa sharti moja. Mpimaji wa kule asiwe daktari Jeconia. Ni rafiki yetu sana. Mtuletee mtu asiyetujua."

Idah alicheka, akakubali.

Walikwenda Jumatatu, yeye, Kaveke na Mzee Githae, ambaye alisema anakuja kuhakikisha hawapunjwi. Nyasi zilikuwa zimeota hadi ndani ya tangi, na mti mdogo ulikuwa umepasua ukuta mmoja. Githae alisimama ukingoni akitikisa kichwa, akihesabu hasara. Kaveke akauliza maji ya hapa hutoka wapi. Waruguru alikunja sketi, akavua viatu, akateremka ndani ya tangi, akaanza kugonga kuta kwa jiwe, hatua kwa hatua, akisikiliza ni wapi saruji bado ni nzima.