Wenye Kiwanja Kwenye Keria

Asubuhi hiyo Uan alikuwa anajaza upepo tairi la nyuma la baiskeli ya njano, na pampu ilikuwa inavuja. Uan kwa Kithai maana yake mnene. Jina alipewa akiwa mchanga, akanenepa mwaka mmoja, basi. Toka hapo amekonda kama spoki na jina limebaki pale pale. Kazi yake ilikuwa kuwazungusha wageni Bangkok kwa baiskeli, kwenye vichochoro ambavyo gari haliingii.

Bosi wake, Dada Jiap, alikuwa amekaa mlangoni mwa karakana, mikono imejaa grisi, ananyonya kahawa ya barafu kwenye mfuko wa plastiki.

"Uan, leo usiwapitishe sokoni. Juzi yule Mjerumani wako kagonga beseni la kambare."

"Dada, kambare ndio walimfuata."

"Kambare hana breki. Wewe unazo."

Wageni wa siku hiyo walikuwa Waholanzi wawili, Wouter na mke wake Hanneke. Wouter alikuwa mstaafu wa idara ya maji, mrefu kiasi kwamba kiti cha baiskeli ya bluu kilivutwa mpaka mwisho na magoti bado yakawa yanagonga usukani. Hakuna aliyewafundisha kitu. Walipanda kama watu wanaovaa ndala.

Wakavuka mto kwa kivuko, wakapita hekaluni, wakapita nyuma ya nyumba za watu, wakainama chini ya nguo zilizoanikwa. Wouter kila akiona mfereji anasimama kuuangalia, anatikisa kichwa, anaendelea. Halafu wakafika kwenye mti mkubwa uliofungwa vitambaa vya rangi, pale kwenye kona ya mfereji.

Chini ya mti ule kuna rundo la vijumba. Kila kiwanja Bangkok kina mwenyewe, na simsemi yule mwenye hati. Namsema yule mzimu aliyekuwepo kabla ya hati, anayekaa kwenye kijumba juu ya nguzo, kwenye kona ya uwanja. Asubuhi unampa maua, ubani, na soda nyekundu yenye mrija. Nyumba ikivunjwa, hakuna mwenye ubavu wa kukivunja kijumba. Watu wanakibeba, wanakiacha chini ya mti, wanaondoka bila kugeuka nyuma. Miaka ya karibuni rundo limefika hadi barabarani, inabidi ulizunguke.

Kila siku Uan alisimama pale, akawaeleza wageni kwa Kiingereza, na akimaliza akawaambia, kwa Kiingereza hicho hicho, kwamba wapande waondoke. Siku hiyo Dada Jiap akapiga simu kuuliza spana iko wapi. Uan simu sikioni, spana haijui ilipo, Waholanzi wanapiga picha hawamalizi, jua kali. Akapaza sauti kwa Kithai.

"Haya, wote pandeni, twende nyumbani!"

Mtoto yeyote wa mji ule anajua kwamba maneno ya namna hiyo husemi pale. Unaweza kutema mate. Ukizidiwa unaweza hata kukojoa, ukiomba radhi kwanza. Lakini humkaribishi mtu usiyemwona. Uan alijua hivyo vizuri, ila alishasema.

Kwenye rundo, kijumba cha kijani chenye paa lililopasuka kikafunguka mlango. Wakatoka bibi na babu, kimo cha chupa. Kufika barabarani walishakuwa na kimo cha watu. Bibi akajifuta vumbi, akakaa kiupande kwenye keria ya Uan. Babu akakaa kwenye keria ya Wouter, akamshika shati.

Wouter akageuka, akamsalimia, akabadilisha gia. Kwao kila mtu hupanda keria.

"Hawa ni akina nani?" Hanneke akauliza.

"Wenye kiwanja," Uan akasema.

"Wapo kwenye ziara?"

"Wanakwenda kwao."

"Ah, vizuri," akasema Hanneke, akachukua mkoba wa mume wake ili babu apate pa kuweka mguu.

Bibi akamwangalia Uan kisogoni.

"We si mtoto wa Nuan, yule wa tambi?"

"Ndiyo, bibi."

"Mbona ulikuwa mnene?"

"Mwaka mmoja tu, bibi."

Uan akajaribu kukata kushoto, kwenye njia yake ya kila siku. Usukani ukakata. Gurudumu la mbele nalo likakata. Baiskeli ikaenda moja kwa moja. Nyuma yake ya Wouter ikafanya vile vile, na ya Hanneke, ambaye hakubeba mtu, ikafuata kwa sababu ni mke wake.

"Ulisema nyumbani," bibi akamkumbusha.

Uan akapiga simu karakana huku akikanyaga pedali.

"Dada, baiskeli zinaenda kwa Wafua Sufuria."

"Kule hakuna kitu. Kuna jengo."

"Najua dada. Nimebeba wenye kiwanja."

Mrija ukasikika unanyonya barafu.

"Ulisema nini chini ya mti?"

"Twende nyumbani."

"Kwa Kithai?"

"Kwa Kithai."

"Pumbavu."

"Ndiyo, dada."

"Wageni wanasemaje?"

"Wamefurahi."

"Basi wapeleke. Ila sikiliza. Baiskeli ziwe hapa kabla ya kundi la mchana. Zisiporudi na wewe usirudi. Sitanii, Uan. Mdogo wangu anatafuta kazi."

Uchochoro wa Wafua Sufuria ndio Uan alikozaliwa. Watu wa pale walikuwa wanafua kwa nyundo sufuria, mabeseni na bakuli za watawa, na kelele zilikuwa hazikatiki mpaka watoto wakawa wanazungumza kwa kupigana mabega. Halafu kampuni moja ikaja. Likawekwa bango kubwa linalosema wakazi wote na wenye kiwanja wamekubali kuhama kwa hiari. Mama yake Uan alijua kwamba amekubali siku aliposoma bango. Sasa anaishi chumba cha kupanga ng'ambo ya reli, hauzi tambi, na analala na redio ikiwa wazi maana kimya kinampa homa.

Sufuria hazikuwepo tena. Kulikuwa na ghorofa la vioo linaloitwa Makazi ya Utulivu. Baiskeli zikasimama getini zenyewe.

Mlinzi alikuwa Kaka Sanit, kavaa sare nyeupe na glavu. Zamani alikuwa anachoma ndizi kwenye mdomo wa uchochoro huo huo. Alipomwona bibi akaunganisha viganja, glavu na yote, akainama mpaka kofia ikaanguka.

"Bibi. Umekonda."

"Nani ananipa chakula? We ulikuwa unaninywea soda yangu kila Jumatatu. Unadhani sikukuona?"

"Nilikuwa mtoto, bibi."

"Ulikuwa na mke!"

Babu akacheka. Ilikuwa mara ya kwanza kutoa sauti. Akashuka kwenye keria, akaenda kusimama kwenye kona ya maua, akaangalia chini, akapiga ardhi kwa kisigino kama mtu anayegonga mlango.

"Ni hapa," akasema.

Pembeni ya geti palikuwa na kibao. Bibi akamwambia Uan amsomee.

"Wenye kiwanja na wapangaji tu," Uan akasoma.

"Ndio sisi. Fungua."

Sanit akakubali kwamba ndio wao. Akaandika kwenye mashine yake, akasubiri, akaandika tena.

"Bibi, mimi nakujua. Mashine ndiyo haikujui."

"Iambie."

"Haiambiwi, bibi."

Ndani ya geti, karibu na chemchemi, kulikuwa na kijumba kipya cha kioo, kina taa na kiyoyozi. Bibi akachungulia kwa mbali, mkono juu ya macho.

"Mle hamna mtu."

"Hakuna," Sanit akasema. "Walifanya sherehe kubwa, walileta na ngoma. Hakuja yeyote. Wasimamizi wanasema bora hivyo, hakuna usumbufu."

"Soda mnaweka?"

"Tunaweka. Hatufungui."

Bibi akatazama chupa zilizopangwa, zote na vizibo vyake. Akamwangalia Sanit kwa muda mrefu, mpaka Sanit akachukua redio yake ya mkononi kwa kuona haya.

"Ofisi, wenye kiwanja wako getini."

Sauti ya mwanamke ikajibu, tamu kabisa. "Wenye kiwanja wako Singapore."

"Hawa ni wale wa zamani."

"Wale wa zamani walikubali kuhama."

"Wanauliza nani aliwauliza."

Redio ikakoroma. Kisha sauti ikasema leo ni siku ya kusafisha chemchemi, tafadhali mbele ya geti pasizibwe wakati wowote, na tafadhali baiskeli zisiegemezwe ukutani.

Sanit akazima redio. Hakumwangalia mtu. Akaokota kofia yake, akaipangusa, ingawa haikuwa na vumbi.

Sasa hapo ndipo mambo yalipokwama. Ndani haiwezekani, na baiskeli hazirudi nyuma. Uan alivuta, akasukuma, akainua gurudumu la mbele akaligeuza hewani. Akiliweka chini linageuka lenyewe kuelekea getini. Rimu ikaanza kupinda. Kundi la mchana lilikuwa njiani kwenda karakana, na mdogo wake Dada Jiap, Uan alimjua, ni kijana mwenye afya.

"Bibi, niruhusu," akasema. "Nitapoteza kazi."

"Mimi nimepoteza kiwanja."

"Najua, bibi. Na mama yangu."

"Na mama yako," bibi akakubali. "Lakini wewe ndiye uliyesema nyumbani. Nipeleke basi. Kwenu wapi?"

"Chumba cha kupanga. Ghorofa ya nne."

"Kiwanja cha nani?"

"Sijui. Hatujawahi kumwona."

Hanneke akatoa ndizi kavu, akagawa. Wouter akauliza kuna tatizo gani, na Uan akamweleza. Wouter akafikiri huku anatafuna. Akasema mama yake mzazi alikaa kwenye keria ya baba yake toka uchumba mpaka uzee, na hajawahi kusema hana pa kukaa. Uan akamtafsiria bibi.

Bibi akaipapasa keria. Akaibonyeza kwa dole gumba, kama mtu anayechagua papai.

"Chuma hiki cha nani?"

"Cha Dada Jiap."

"Ana hati?"

"Ana risiti."

"Hakuna mwingine anayeitaka?"

"Hakuna, bibi. Hata mimi huwa siitaki."

"Basi aniambie mwenyewe. Nimechoka kukaribishwa na watu wasiomiliki kitu."

Uan akapiga simu, akaweka sauti kubwa. Akamweleza Dada Jiap. Mara ya kwanza Dada Jiap akatukana. Mara ya pili akauliza wana uzito gani. Halafu ikasikika anaenda bombani, ananawa mikono, anarudi. Akasafisha koo na sauti yake ikawa nyingine, ile ya hekaluni.

"Babu, bibi, nawainamia. Mimi Jiap nawakaribisha kwenye baiskeli zangu, ya njano na ya bluu. Kaeni, kuleni, kunyweni, tulindeni barabarani. Msiguse breki."

"Na soda?" bibi akauliza.

"Na soda."

"Ifunguliwe."

"Itafunguliwa, na mrija juu."

Babu akakitoa kisigino chake kwenye ile kona, taratibu, akarudi kwenye keria. Magurudumu yakageuka. Sanit akawasimamishia magari pande zote mbili mpaka wakapita, akiwa ameunganisha viganja, na gari moja la kifahari likapiga honi hadi likachoka.

Karakana walifika kundi la mchana linavaa helmeti. Dada Jiap akaiangalia rimu iliyopinda, akafungua mdomo. Bibi akamwambia kwamba hapandi na dereva mwingine. Dada Jiap akafunga mdomo, akaenda kutafuta spana.

Toka hapo ziara imekuwa ndefu kidogo. Bibi anamsahihisha Uan katikati ya maelezo. "Muongo, hapo hapakuwa soko, hapo palikuwa matope na mwizi mmoja anaitwa Plaeng." Wageni wanapenda. Babu anaonyesha kwa kidole tu. Kila siku baiskeli zinapita Makazi ya Utulivu, bibi anamwambia Sanit afungue, Sanit anaandika kwenye mashine, mashine inakataa, wanaagana. Siku moja mama yake Uan alikuja pale getini na sufuria na mwiko, akakaa kwenye ukingo wa njia, akaigonga sufuria kidogo kama zamani. Bibi akalala usingizi kwenye keria palepale. Walinzi wengine wakaja wakamwambia mama kwamba hapa ni utulivu, akaondoka.

Rundo chini ya mti halijapungua. Uan anapita pale mdomo umefungwa, lakini wale waliobaki wamesikia, na asubuhi wanakuwa wamekaa barazani mwa vijumba vyao na mafurushi mapajani. Dada Jiap ameagiza baiskeli zaidi, zenye keria pana.

Sasa watu wa lile ghorofa nao wameanza kuja kwenye ziara. Wiki iliyopita alikuja dada mmoja, mhasibu, viatu vyake vipya kabisa. Alisubiri mpaka wamesimama kwenye taa nyekundu, akasogea karibu na bibi, akaunganisha viganja. Akasema halali vizuri. Anaamka na moyo unamwenda mbio, hajui kwa nini, nyumba ni nzuri, kila kitu kizuri. Je, bibi hawezi kuiangalia kidogo hiyo nyumba yake?

"Ghorofa ya ngapi?" bibi akauliza.

"Thelathini na moja."

Bibi akanyonya soda yake mpaka mrija ukalia.

"Mwanangu, mimi ni mwenye kiwanja. Huko kwako hakuna kiwanja, ni upepo mtupu. Kaulize ndege."

"Lakini nimeshanunua, bibi."

"Pole," bibi akasema, na alimaanisha.

Taa ikawa kijani. Uan akapiga kengele, wakaondoka. Yule dada akawa anafuata nyuma taratibu, usukani unamyumba, maana alikuwa anaendesha huku ameangalia juu.