Pazia la Kupigia Kura

Miaka yote tulimchagua mwenyekiti wa tawi kwa kunyoosha mikono, naye akikumbuka mkono ambao haukunyooshwa. Safari hii tuling'ang'ania kura ya siri mpaka akakubali. Fundi cherehani akashona pazia, tukalitundika kwenye kona ya ofisi ya chama.

Fundi ndiye aliyetangulia kupiga kura. Alipofunua pazia, akamkuta mwenyekiti ameketi ndani, kalamu mkononi.

"Karibu, mama. Nipo kuwasaidia wanachama."

"Ahsante, mzee. Na chooni, wewe husaidiwa na nani?"

Watu wakaangua kicheko. Mwenyekiti hakuondoka. Fundi akalitungua pazia lake, akalikunja. Mwenyekiti akabaki wazi kwenye kona, nasi tukageukia ukuta, tukaandika kura zetu tukiwa tumempa mgongo.