Mtani wa Mheshimiwa Pruitt

Mume wangu Vicent ni Mngoni, na Mngoni ukimpeleka msibani umejitakia mwenyewe. Kwao mtani ana ruhusa ya kumsema marehemu mbele ya wafiwa, na wafiwa wanacheka huku wanalia. Sasa hayo ni ya Songea. Sisi tuko Missouri City, Texas, na marehemu mwenyewe ni mzungu aliyekufa karibu miaka mia iliyopita!

Ni babu yake Bibi Lorene, jirani yetu. Bibi ana miaka tisini na ushee. Ndiye aliyetupokea mtaa huu, ndiye aliyemlea Queen wetu nikiwa zamu hospitali. Ndugu zake walishamsahau. Kila Jumapili tunakunywa chai kwake, na kila Jumapili tunahadithiwa Mheshimiwa Pruitt: muuza nyumbu wa kuvuta mikokoteni aliyeingia bunge la jimbo kule Austin mwaka 1909, akahutubia mpaka wenzake wakasinzia, miswada yake ikaanguka yote isipokuwa mmoja, wa kila stesheni ya treni kuwekewa maji safi ya kunywa. Wapiga kura walipomchoka akarudi kwa nyumbu wake, wakati huo watu wananunua magari. Maskini wa Mungu!

Juzi Bibi akamwekea jiwe jipya kaburini, akamwomba Vicent aseme machache. Ndani ya gari nikamshika mkono.

"Baba Queen, nakuomba. Utani wako uache humu humu. Yule bibi hana mtu, na sisi hatuna mwingine kama yeye. Ukimuudhi, tumempoteza."

"Nimekusikia, mama Queen."

Wapi! Wageni wachache wa kanisani kwake wamesimama na suti zao, mchungaji kamaliza sala, Vicent akalipiga jiwe kofi.

"Wewe mzee, amka! Miaka yote ile uliwachosha watu kwa maneno, leo unajifanya mpole? Nani alikudanganya uuze nyumbu mbele ya motokaa?"

Bibi akacheka mpaka akajifuta machozi. Nikashusha pumzi. Lakini mume wangu hajui kunyamaza akiwa mbele.

"Na yale maji yako! Uliandika kwenye sheria kwamba ni ya wazungu peke yao. Mimi ningefika pale na kiu yangu ungenifukuza. Haya, leo mweusi ndiye anayekusemea kaburini. Ulitegemea?"

Loh! Mchungaji akaangalia viatu vyake. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze, na Vicent immeze pia, nikamalizane naye huko huko chini. Bibi aliacha kucheka. Akaegemea jiwe, nami nikasema moyoni, basi, ndiyo imekwisha.

"Nilikuwa najua," Bibi akasema. "Miaka yote nimewahadithia sheria ile, na kipande hicho nakiruka. Niliogopa mkikijua hamtakuja tena."

Hasira zangu zote zikaniishia pale pale. Nilimpenda yule bibi kizee kuliko siku zote, nikaenda nikamkumbatia.

"Bibi," nikamwambia, "kipande hicho tulikisoma maktaba mwaka ule ule tuliohamia. Jumapili iliyofuata tukaja kunywa chai kama kawaida."