Nyumba Inunuliwe Mara Moja

"Hivi mwenzangu, hiyo nyumba ya Sanjar mtainunua mara ngapi?"

Aliyeuliza alikuwa Muqaddas, jirani wa ukuta mmoja, siku aliyokuja na sinia lake la unga uliokandwa kuomba nafasi katika tanuri la Oysara. Oysara alikuwa ameinama, kichwa na bega vimo ndani ya tanuri, akibandika mkate wa mwisho kwenye ukuta wake wa ndani. Hakuinuka mpaka mkate uliposhika. Ndipo akajipangusa jasho kwa ncha ya mtandio.

"Swali gani hilo? Nyumba hununuliwa mara moja."

"Kwa wenye fedha mkononi. Sisi wa benki tunainunua, tunainunua tena, halafu tunaambiwa bado." Muqaddas alicheka, lakini kicheko chenyewe hakikufika machoni. "Aisifuye mvua imemnyea, dada. Mwanangu Farrux analipa mwaka wa sita huu. Mwaka wa kwanza tulibanana mpaka nikauza hereni za harusi yangu. Ulipokwisha tukaenda kuuliza deni limebaki kiasi gani. Nilidhani yule binti wa benki kakosea hesabu. Kumbe riba ndiyo hula kwanza. Ikishiba, nyumba hutupiwa makombo."

 Oysara alimtengea mwenzake nafasi kwenye tanuri, akakaa kando na kuwatazama kuku. Ndivyo alivyokuwa. Neno zito lilipomfikia hakulipokea kwa kelele. Aliliweka chini kwanza, akalizunguka.

Alikuwa mjane mwaka wa tisa. Marehemu Tursun, dereva wa lori, alimwachia vijana wawili, ua wenye mzabibu, na jina jema katika mtaa ule wa mji wa Margilani. Vyote vitatu alivitunza. Alioka mikate kabla ya alfajiri, akasali, akapeleka sokoni. Sasa Sanjar, mkubwa, alikuwa anaoa. Na kwao, mkubwa akioa huhama. Ua wa baba ni wa kitinda mimba, naye ndiye atakayewazika wazee. Mkubwa akibaki humo na mkewe, hata kama hakuna anayemfukuza, watu husema ameshindwa kusimama. Kwa hiyo nyumba ilikuwa lazima.

Na pilau nayo ilikuwa lazima. Hilo alilisema Ergash, kaka yake Tursun, ambaye tangu msiba alikuwa ndiye sauti ya ukoo. Pilau ya asubuhi kwa wanaume mia nne baada ya sala ya alfajiri, jioni ukumbi, mwimbaji, na fahali mzima, yule aliyefungwa nyuma ya ghala akinenepeshwa kwa pumba tangu majira ya kuchipua.

Akiba ilikuwa som, fedha ya kwao, milioni mia moja na thelathini na tano. Ilikuwa miaka minne ya Sanjar akibeba zege kwenye baridi ya Urusi, pamoja na mikate ya mama yake. Wakaigawa kama mtaa mzima ulivyogawa. Milioni tisini za sherehe, milioni arobaini na tano za kutangulizia benki ili ikope zilizobaki. Nyumba yenyewe, vyumba viwili kwenye jengo jipya upande wa barabara ya Fergana, ilikuwa ya milioni mia tatu. Kila aliyeulizwa alijibu jambo moja: mwezi unabebeka. Milioni nne na laki tatu kwa mwezi, kijana fundi umeme, bibi harusi mshonaji. Wataweza.

Neno riba lilikuwa limemkaa Oysara kooni kama mwiba wa samaki tangu siku ya kwanza. Lakini kila alipolitaja aliambiwa, "Dada, nani leo ana nyumba bila benki?" Naye akameza. Sasa Muqaddas alikuwa ameutikisa ule mwiba.

Kesho yake alimwambia Sanjar, "Twende benki."

"Mama, tulishakwenda. Karatasi zinakaribia kukamilika."

"Tulikwenda kuuliza mwezi. Leo nataka kuuliza miaka."

Binti wa mikopo alikuwa mpole, mwenye kucha za rangi ya komamanga. Oysara alimsalimu, akaketi, akafungua mdomo kabla mwanawe hajaanza kuomba radhi.

"Mwanangu, tukilipa bila kukosa mpaka mwisho, tutakuwa tumetoa kiasi gani?"

Binti alibonyeza kikokotoo. Alionekana kama mtu ambaye huwa haulizwi. "Miaka ishirini… Bilioni moja na kidogo, mama. Bima mbali."

"Kwa mkopo wa milioni mia mbili hamsini na tano?"

"Ndiyo, mama. Riba ni asilimia ishirini kwa mwaka."

Sanjar alicheka kidogo, kama mtu aliyekanyagwa mguu mbele ya wageni. Mama yake hakugeuka.

"Na mwaka wa kwanza? Tukishalipa miezi kumi na miwili, deni litakuwa limeshuka kiasi gani?"

Binti alibonyeza tena. Safari hii aliwageuzia kikokotoo wasome wenyewe, na sauti yake ikashuka. "Mtalipa kama milioni hamsini na mbili. Deni litashuka milioni moja. Moja na kidogo."

"Hamsini na moja zimekwenda wapi?"

"Riba, mama. Mwanzoni karibu zote ni riba. Sikuficha, hamkuniuliza."

"Hukutukosea. Mungu akupe mume mwema," Oysara alisema, akasimama.

Nje, Sanjar aliwasha sigara, akakumbuka aliye naye, akaizima. "Nitakuwa na miaka arobaini na saba," alisema. "Mwanangu wa kwanza atakuwa anaoa, mimi bado nalipia chumba alichozaliwa."

"Twende kwa waliojenga."

"Kufanya nini?"

"Twende, mimi mama yako sijawahi kukupeleka pabaya."

Ofisi ya wajenzi ilikuwa kibanda chini ya jengo lenyewe, chenye vumbi la saruji mpaka kwenye birika la chai. Mzee wa mauzo aliwaambia jambo lililokuwa limebandikwa ukutani muda wote, ila wao walipita mbele yake wakikimbilia benki. Anayetanguliza nusu ya bei hulipa nusu iliyobaki kwa miaka mitatu, bila nyongeza hata ya som moja.

Wakasimama kwenye ngazi isiyo na kishikio, mama na mwana, wakihesabu kwa vidole kama watoto. Akiba yote bila kuigawa, mia moja thelathini na tano. Fahali, ishirini. Jumla mia moja hamsini na tano, zaidi ya nusu. Zilizobaki zikigawiwa miezi ya miaka mitatu ni milioni nne kwa mwezi.

Sanjar alirudia hesabu. Akairudia tena. "Mama. Ni chini ya mwezi wa benki."

"Ni ileile, baba. Tofauti ni kwamba hii ina mwisho."

Kijana alikaa kwenye ngazi. "Na pilau?"

"Hakuna pilau."

"Mama, nimekula pilau za watu tangu nina meno. Baba mkubwa atasema tumelitukana kaburi la baba."

"Baba yako hali pilau huko alipo. Anangoja dua."

Sanjar alimpigia simu mchumba wake, Dilorom, palepale. Oysara alisogea asisikie, lakini alisikia. Kwanza sauti ya Sanjar ikieleza. Kisha sauti ya mama yake Dilorom iliyonyakua simu: "Binti yangu anaolewa au anazikwa? Harusi ya kimya ni ya wajane!" Halafu vurugu, halafu Dilorom mwenyewe tena, akisema kwa haraka, "Mwambie mama nimekubali. Gauni nitashona mimi. Huyu wangu niachie, atalia siku mbili atachoka."

Oysara aligeukia ukuta ili mwanawe asione uso wake ulivyong'aa. Alijisemea, Alhamdulillah, nimepata binti.

Ilibaki kazi kubwa. Kwao, kabla ya harusi, wanaume wa mtaa huitwa kwenye chakula cha shauri. Hapo hupangwa nani atasimamia moto, nani atapokea wageni, mchele kilo ngapi, karoti kilo ngapi. Neno likishapita hapo, limepita. Ergash alikuwa ameshawaalika. Kumwambia pembeni kungemaanisha kubishana naye wiki nzima, na Oysara alijua atashindwa, maana Ergash alikuwa na mdomo na yeye alikuwa na haya. Akaamua kusema mbele ya watu, na akamwita mnunuzi wa ng'ombe aje saa ileile ya shauri, ili yeye mwenyewe asipate nafasi ya kurudi nyuma.

Wanaume walijaa chumba kikubwa, miguu imekunjwa juu ya magodoro, chai inazunguka. Baada ya dua Ergash alikohoa. "Haya. Mchele tuanze na kilo mia…"

"Shemeji." Oysara alikuwa mlangoni, mtandio umeshushwa mpaka kwenye nyusi. "Naomba ruhusa niseme."

Vikombe vilitua. Kwa desturi mwanamke hakuingia kwenye shauri lile.

"Sema, shemeji, umepungukiwa nini?"

"Sijapungukiwa. Harusi ya Sanjar itakuwa nikahi, na shurba, supu tu, kwa watu arobaini hapa uani. Pilau ya mtaa haitakuwepo."

Mtu mmoja alicheka akidhani ni mzaha. Ergash hakucheka. "Umeugua?"

"Fedha ya pilau inakwenda kwenye nyumba. Bila hiyo, kijana wangu atailipia benki nyumba tatu na nusu aishi ndani ya moja. Nimeuliza mwenyewe, nimejibiwa mwenyewe."

"Watu wote wanachukua mkopo!"

"Na watu wote wananung'unika chini ya blanketi, shemeji. Waliomo humu wanajua."

Hapo mume wa Muqaddas alianza kukagua kikombe chake kana kwamba hajawahi kuona kikombe.

"Ndugu yangu alikula kwa hawa wote!" Ergash alipiga goti. "Miaka thelathini! Leo wakija kwake wale shurba? Uso wetu tuuweke wapi?"

Ndipo nyuma ya ghala fahali akalia. Lori lilinguruma, mbao zikagonga, mtu akapiga kelele, "Sukuma matako! Matako!" Ergash aliruka hadi dirishani.

"Fahali wa pilau anakwenda wapi?"

"Anakwenda kununua madirisha na mlango," Oysara alisema.

Safari hii kicheko kilipasuka kwa wengi. Kulikuwa na wa kumcheka yeye, na wa kumcheka Ergash. Oysara alisubiri kitulie. 

"Deni la pilau tulilokula nalijua. Nimelilipa kwa mikate. Kila nyumba iliyofiwa mtaani hapa, mikate ya siku tatu ilitoka kwenye tanuri langu bila bei, na nitaendelea mpaka nife. Anayeona haitoshi aniambie hapa."

 Mwisho mume wa Muqaddas aliweka kikombe chini. "Mimi nitaleta kuni za shurba," alisema, kana kwamba mkewe anamtazama. Mwingine akasema ataleta karoti, kwa kuwa alikuwa amekwisha kuziagiza.

Ergash alikuja kwenye nikahi, akakaa mlangoni karibu na viatu, hakugusa shurba. Kisha kwa muda mrefu hakuvuka kizingiti. Wapo wanawake waliomwita Oysara bahili hadharani, sokoni, mbele ya mikate yake, na bado wakanunua mikate hiyohiyo. Aliwapimia, akawarudishia chenji, akasema bismillahi.

Miaka mitatu haikuwa laini. Sanjar alifunga nyaya mchana na kutengeneza majokofu ya watu jioni. Dilorom alishona mpaka siku aliyopatwa na uchungu. Kuna miezi nyama ilikuwa hadithi, na mwezi mmoja Oysara aliuza zulia lake la mahari bila kumwambia mtu. Lakini kila walipolipa, deni lilishuka kwa kiasi kilekile walicholipa. Hilo lilimlaza usingizi.

Wiki waliyomaliza, Dilorom alipika pilau ya sufuria moja. Oysara alikuwa amekaa sakafuni na mjukuu mapajani, akiyatazama madirisha yale, jua likipita kwenye vioo visivyodaiwa na mtu. Alijiona kama mama wa mfalme.

Mlango ukagongwa. Alikuwa Ergash, amezeeka, bahasha nyeupe mkononi.

"Karibu, baba mkubwa," Sanjar alisema, akampokea kwa mikono miwili.

Aliketi, akaweka bahasha kwenye kitambaa cha chakula. "Namwoza mjukuu wangu. Mwaliko huo. Pilau ya watu mia tano, shemeji, uje uone." Alijaribu kutabasamu. "Na nyumba tumepata, jengo la pili kutoka hapa. Benki imekubali. Kesho tunatia saini."

"Mungu abariki," Oysara alisema, akammiminia chai.

Ergash alikunywa. Alitazama dari, akatazama mlango, akamtazama mtoto. Kikombe kilipobaki nusu aliuliza kwa sauti ya chini, kama mtu anayeuliza kuhusu ugonjwa, "Hii mmeinunua mara ngapi?"

"Mara moja, shemeji."

"Mmebakiza ngapi?"

"Juzi tumemaliza."

 Ergash aligusa ukuta kwa kiganja, taratibu, kama anavyoguswa fahali sokoni. Kisha akanyoosha mkono, akaichukua ile bahasha, akairudisha ndani ya koti, akainuka, akavaa viatu, akasema, "Saini ya kesho ingoje," na kutoka.